Mbuzi Hawali Lantana

Nyumbani, Jumapili, jua linazama

Mwanangu Namsifu,

Umekwenda kuagana na wenzako wa kwaya na hujarudi. Baba yako yuko barazani anafunga kamba sanduku lako, anakaza mafundo kana kwamba halitafunguliwa tena. Mimi nimejipa kazi ya kuandika, kwa sababu haya ninayotaka kukuambia nimejaribu kuyasema mara nyingi na mdomo umekataa.

Sitakuandikia habari za chandarua, wala maji ya kunywa, wala namna ya kuishi na wakubwa wa kazi. Muuguzi ni wewe; mimi ndiye unayenigombeza nikisahau dawa za presha. Na huko Nachingwea watu wapo, watakuelekeza sokoni na kisimani. Mimi nataka kukuambia habari za maua.

Jana wageni walipokuwa wanakula uliwasimulia tena ile hadithi ya mbuzi. Unaisimulia vizuri siku hizi, una mikono na macho ya kuisimulia. Jinsi ulivyorudi kutoka chekechea ukakuta mteremko wote wa maua ya marehemu mama yako umebaki vijiti vitupu. Jinsi mbuzi wa Bibi Nanzia walivyokula mpaka mizizi, jinsi ulivyolipiza kisasi kwa jiwe, na jinsi baba yako alivyokuchapa. Watu walicheka mpaka makande yakawapalia. Bibi Nanzia mwenyewe, jirani yetu wa chini, alikuwa amekaa pale ukutani, akacheka nao, akasema, "Mbuzi wangu wale walikuwa majambazi." Halafu akanitazama. Hakunitazama kwa ubaya. Alinitazama kama mtu anayeuliza: bado tu?

Wageni walipoondoka ukaja jikoni, ukaniambia, "Mama, nifungie vipandikizi vya lantana nikapande kwenye nyumba ya kazi. Na unifundishe kukata. Mimi najua kumwagilia tu."

Namsifu, mbuzi hawali lantana.

Mtu yeyote aliyefuga huku milimani anajua. Jani lile ni chungu, lina harufu kali, na mnyama akilila anaugua. Mbuzi wa Bibi Nanzia walipita pale kila siku, wakala nyasi za pembeni, wakala na majani ya migomba ya baba yako, lakini maua ya mama yako hawakuyagusa. Aliyeyakata ni mimi.

Nimeandika sentensi hiyo nikasimama, nikaenda kuchungulia maharage ambayo hayakuhitaji kuchunguliwa. Sasa nimerudi. Nitakueleza yote, si ili unihurumie, ila ili usije ukasikia nusu yake kwa mtu mwingine.

Mimi ni mtu wa Kihurio, unajua. Kwetu ni tambarare, ni majaruba ya mpunga, na uwanja mzuri ni uliofagiwa mpaka ukaonyesha mistari ya ufagio. Majani yakiota mlangoni, mgeni anajua mwenye nyumba ni mgonjwa au mvivu. Tena majani karibu na mlango kwetu maana yake ni nyoka. Sasa nifikirie mimi, bibi harusi, nimepanda huku mwezi wa Juni na baridi yake, nafika kwenye nyumba iliyokaa ukingoni mwa mteremko, na chini yake, kuanzia kizingiti cha jikoni mpaka kwenye mfereji wa Bibi Nanzia, ni zambarau tupu. Si lantana ile ya vichakani inayosimama na miiba yake. Hii ni ya kutambaa. Mashina yanalala, yanashikana, yanashuka juu ya kuta za mawe alizojenga baba yako mpaka mawe hayaonekani. Na vipepeo juu yake. Nikajisemea, hapa hapakosi nyoka.

Ningependa sababu iwe hiyo. Miaka mingi nilijaribu kujiaminisha kwamba ndiyo hiyo.

Ukweli ni kwamba mama yako, Nakiete, alikuwa hajatimiza mwaka kaburini, na ndani ya nyumba hakikuwa kimebaki kitu chake. Shangazi zako walishagawana kanga na vyombo. Kilichobaki ni maua, na watu wote walikuwa wanamsalimia kupitia maua hayo. Akina mama wa usharika wakipita njiani walisimama: "Jamani, maua ya Nakiete yamechanua mwaka huu!" Ndipo wanikumbuke mimi niliye na ufagio mkononi: "Eh, na wewe hujambo?" Baba yako asubuhi alikunywa chai amesimama mlangoni, mgongo wake kwangu, uso kwenye mteremko. Na wewe ulikuwa ukitoka chekechea huingii ndani. Ulikwenda moja kwa moja kukaa juu ya jiwe, ukachuma vichwa vya maua vilivyokauka, ukavitia kwenye kikopo, kama mama yako alivyokuzoeza. Uliniita mama mdogo, kwa adabu kabisa. Hukunikosea hata siku moja, hilo nalo nilitaka ulijue. Siku moja nikasema nije nikusaidie kuchuma. Ukanishika mkono polepole, ukasema, "Usikanyage hapo, mama mdogo. Hapo ni pa mama."

Ulikuwa na haki. Lakini mimi nilikuwa na miaka ishirini na sita, sina ndugu karibu, sina rafiki, na moyo wangu ulikuwa unatafuta mtu wa kumchukia. Ukamkuta marehemu, asiyeweza kujibu.

Ilikuwa Septemba, kiangazi kimekaza. Baba yako alikuwa ameshuka Same mjini, wanajenga nyumba ya mtu, analala hukohuko. Mama mmoja wa usharika akapita kuomba chumvi, akatazama mteremko, akatazama uwanja wangu, akasema kwa kucheka, "Nakiete alikuwa na mkono wa kuotesha. Wewe una mkono wa kufagia." Hakuwa na nia mbaya. Nilicheka naye, nikampa chumvi.

Kesho yake nikakupeleka chekechea, nikarudi, nikachukua panga. Nilianza na nia ya kupunguza pale njiani tu, yalipokuwa yanagusa miguu. Nikapunguza. Nikasogea hatua moja, nikakata tena. Kisha sikuweza kuacha. Niliinua yale mashina kama mtu anayekunja mkeka, nikayakata shinani kabisa, chini ya majani yote, kwenye mti mkavu. Mahali ambapo panga lilishindwa nikaleta jembe. Mikono ilichanika mpaka kwenye viwiko, na harufu ya lile jani iliniingia kooni. Jua lilipokuwa la utosi nilikuwa nimemaliza. Nikayabeba yote mpaka kwenye shimo la taka kule migombani, nikayafunika kwa majani makavu. Halafu nikakaa kizingitini, nikanywa maji. Nilijisikia vizuri, Namsifu. Kwa muda mfupi sana, lakini nilijisikia vizuri. Nakuambia na hilo.

Uliporudi ulisimama pale juu ya ngazi. Hukulia. Uligeuka, ukaniuliza neno moja tu: "Nani?"

Nilikuwa nimeandaa habari ya nyoka. Nilikuwa nimeipanga vizuri. Lakini nilipokuona uso, mdomo ukasema peke yake, "Mbuzi. Mbuzi wa Bibi Nanzia."

Yaliyofuata unayakumbuka, lakini unayakumbuka kutoka upande wako. Jumamosi ukamvizia yule mtoto wa mbuzi kwenye mfereji, ukamtupia jiwe, mguu ukavunjika. Baba yako alikuwa amerudi. Akakata fimbo kwenye mpera. Mimi nilikuwa jikoni nasonga ugali, na ukuta ule wa jikoni si ukuta, unasikia kila kitu. Nilisikia kila fimbo. Wewe hukuomba msamaha. Ulikuwa unasema tu, "Walikula maua ya mama! Walikula maua ya mama!" Nami nilikuwa na maneno mawili ya kuisimamisha ile fimbo, na nikaendelea kusonga ugali.

Jioni ileile Bibi Nanzia akapiga hodi. Alikuwa amemchinja yule mbuzi kwa sababu mguu haukuwa wa kupona. Alikuwa ameshika sinia la nyama. Akamwambia baba yako, "Nimekuja kuomba radhi kwa ajili ya mbuzi wangu. Kuanzia leo nitawafunga." Baba yako akapokea sinia kwa mikono miwili. Mimi nikaipika ile nyama. Nikaila, mezani, mbele yako, na wewe hukula.

Vuli ilipokuja, ilikuja kwa hasira. Mimi sikuwa najua mvua ya mlimani. Kwetu mvua inatuama, huku inakimbia. Ule mteremko ulikuwa uchi, nami hata mashina yaliyokuwa yamekauka nilikuwa naendelea kuyafagia. Mvua ya tatu ikaushusha. Ukuta mmoja wa mawe wa baba yako ukalala, kona ya jikoni ikabaki inaning'inia, unaweza kupitisha mkono chini yake. Tope lote likaenda kuziba mfereji wa Bibi Nanzia, ule unaomletea maji kutoka kwenye ndiva, bwawa letu la kumwagilia kwa zamu. Na zamu yake ya maji ilikuwa kesho yake.

Basi akapanda na jembe lake kuja kutazama tope limetoka wapi. Baba yako hayupo, wewe uko shule. Nilimwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, kisha akainama pale kwenye maporomoko, akang'oa kisiki kimoja, akakifuta kwa pindo la kanga, akanipa.

"Gusa hapo mwisho."

Nikagusa.

"Pakoje?"

"Pamenyooka."

"Meno ya mbuzi hayanyooshi hivyo, mwanangu. Mbuzi anachana. Hapa pamepita panga, na panga lenyewe lilinolewa vizuri." Akapangusa mikono. "Halafu mbuzi hawali lantana. Hata njaa ikimuua."

Nikakaa kwenye tope palepale na nguo zangu. Nikamuuliza alijua lini.

"Siku ileile. Nilipita kwenda kuwatafutia mbuzi majani, nikaona."

"Na bado ukaja kuomba radhi? Bibi, ulichinja mbuzi wako, ukatuletea na nyama!"

"Mguu ulikuwa umevunjika. Ningemfanyaje?" Akachukua kile kisiki mkononi mwangu, akakitupa. "Sikiliza. Ningesema, ungefunga mzigo wako ukashuka Kihurio. Nilikuona tangu ulipofika, ulikuwa unatafuta sababu. Sasa yule mtoto nani angemchemshia uji? Mbuzi wakiitwa wezi hawaumii. Mtoto akiachwa mara ya pili anaumia."

Nililia, mwanangu, na yeye hakunibembeleza. Alisubiri. Nilipomaliza akaniambia nimfuate. Nyuma ya nyumba yake, kwenye ukuta wa mawe unaoelekea jua la asubuhi, kulikuwa na lantana. Ileile. Mama yako alimpelekea vipandikizi wakati ana mimba yako. Sikuwa nimewahi kufika nyuma ya nyumba ya jirani yangu, ndiyo maana sikujua.

"Utachukua hapa," akasema. "Lakini utakata kwa mkono wako, na utajifunza mpaka ujue. Na siku moja utamwambia mtoto. Siku yenyewe utaichagua mwenyewe, mimi sitakuchagulia."

Nikakubali yote mawili. Kujifunza kulinichukua miaka mitatu. Hili jingine limenichukua kumi na saba.

Uliomba nikufundishe, basi nikufundishe kama nilivyofundishwa, pamoja na makosa yangu. Vipandikizi vyangu vya kwanza vilikufa vyote. Nilichagua mashina yaliyochanua, kwa sababu yalipendeza, nikayachomeka juani, nikayamwagilia asubuhi, mchana na jioni kama mtu anayemlazimisha mgonjwa kula. Yakaoza. Bibi Nanzia alicheka mpaka akakaa chini. Akanionyesha shina la kuchukua: lisiwe laini kama mchicha, lisiwe gumu kama kuni, liwe la katikati, urefu wa kiganja. Ua likiwepo litoe, hata likiwa zuri, kwa sababu shina haliwezi kuchanua na kutoa mizizi kwa wakati mmoja. Majani ya nusu ya chini yapukuse yote. Lichomeke penye kivuli, kwenye udongo usiotuama maji, na usiongeze maji mpaka utie kidole na kidole kitoke kikavu. Baada ya wiki tatu au nne livute kidogo sana. Likikataa kuja, limeshika.

Vile vilivyoshika tulivihamishia mteremkoni mimi na wewe. Sijui kama unakumbuka. Baba yako alikuwa amejenga upya ule ukuta. Wewe ulichagua kila shimo liwe wapi, na mimi ukanipa kazi ya kushika kikopo cha maji. Nilikishika. Ulikuwa na jino moja limeng'oka mbele, na kila ulipomaliza shimo ulikuwa unapuliza kupitia lile pengo. Siku hiyo ndiyo nilianza kukupenda. Kabla ya hapo nilikuwa nakuogopa.

Halafu nikafanya kosa la pili. Miaka miwili sikukata kitu. Nikiona panga tu, natafuta kazi nyingine. Lantana ikapanda juu ya lantana, juu kijani, ndani vijiti vikavu na panya, na maua yakabaki pembeni tu, katikati kipara. Bibi Nanzia akapanda kuja kutazama, akatikisa kichwa. "Unaogopa panga," akaniambia. "Panga halina kosa. Kosa ni la siku ile."

Akanifundisha hivi. Maua yanapochoka na mvua inakaribia, ndipo unakata. Kiangazini usiguse, kwa sababu mmea hauna nguvu ya kurudi, na ndiyo maana yale niliyoyakata mimi hayakurudi. Chukua theluthi, si zaidi. Chini ya mahali unapokata lazima yabaki majani mabichi. Ukishuka kwenye mti mkavu, hesabu kwamba umeua. Na usikate mteremko wote siku moja. Kata kipande, ruka kipande, ya kwanza yakichipua rudia yale uliyoyaruka, ili ardhi isikae uchi hata wiki moja. Vaa mikono mirefu. Futa kisu kabla ya kuhamia shina jingine. Yale yanayovuka mipaka yako kwenda kwa jirani yakate bila huruma, au yang'oe umpe jirani kama anayataka. Samadi tia kidogo na iwe kuukuu. Ukizidisha utapata majani tu. Katikati ya mwaka, ukipita asubuhi na chai yako, finya vile vilele kwa kucha, yatajaa. Huko uendako kuna joto kuliko huku na masika ni ya mkupuo mmoja, kwa hiyo panda mvua zikianza, na wiki za kwanza uyafunike kwa nyasi kavu. Na uangalie watoto wanaokuja kutibiwa wasile yale matunda yake mabichi. Hilo utakuwa unalijua.

Kosa lile la kuogopa kukata nililifanya na kwako. Ulipokuwa kidato cha pili ulikosa shule siku tatu, mkashuka Same na yule rafiki yako kuzurura stendi. Mwalimu aliponiuliza nikamwambia ulikuwa na homa. Baba yako akaja kujua, akaniuliza kwa nini nakulea kama mgeni. Kila nilipofungua mdomo nikugombeze niliisikia ile fimbo ya mpera, nikafunga mdomo. Ukafikiri labda ni upole wangu. Kuna mambo ulihitaji mama akwambie hapana, ukajiambia mwenyewe, na umejiambia vizuri kuliko ambavyo ningekuambia mimi. Lakini haikuwa kazi yako.

Nilijaribu kukuambia. Siku ya kipaimara chako nilikuita nyuma ya jikoni, ukaja na gauni lako jeupe, umeshika kitenge usichafue pindo. Nikasema, "Umependeza." Ukasema, "Ndiyo ulichoniitia?" Nikasema ndiyo. Siku unakwenda bweni nilikusindikiza mpaka chini barabarani nikiwa nimejiapiza, na gari likawahi kuja, nikalishukuru. Siku majibu ya chuo yalipotoka ulininyanyua juu mimi na uzito wangu huu, ukanizungusha. Ningesema nini siku hiyo? Kila mara niliona una furaha, nikajiambia nisikuharibie. Nilikuwa namlinda mtu, lakini mtu huyo hakuwa wewe.

Leo baada ya ibada nimemwambia baba yako. Tulikuwa tumekaa pale kwenye ukuta wake. Nilianza tangu mwanzo, akanisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza, anakwangua ukoga wa kijani kwenye jiwe kwa ukucha.

"Mimi nimezaliwa huku," akasema. "Nimechunga mbuzi kabla sijajua kusoma. Ulifikiri sijui wanakula nini?"

Nilidhani sikusikia vizuri. Nikamwambia, "Ulijua? Na bado ukamchapa mtoto?"

Aliacha kukwangua jiwe.

"Nilimchapa kwa sababu sikuweza kukuuliza wewe," akasema. "Niliogopa jibu. Nilikuwa nimeshazika mke mmoja, nikaogopa kumfukuza wa pili. Nikamtupia mtoto mzigo wangu." Akainuka. Alipofika kwenye ngazi akageuka. "Kama unamwandikia, andika na hilo. Usinifiche."

Basi nimeandika. Ulichapwa na watu wawili waliokuwa wanajua, mwanangu, na wewe peke yako ndiye uliyekuwa unasema unachokiamini.

Kutoka hapo nikashuka kwa Bibi Nanzia. Anaona kwa shida sasa, akanijua kwa hatua. Nikamwambia nimechagua siku. Akasema, "Afadhali. Nilikuwa naogopa kufa na siri yako mkononi. Huko mbinguni ningeiweka wapi?" Akacheka, kisha akanishika mkono.

Sijui utanipokeaje. Nilifikiri niifiche barua hii ndani ya sanduku, uifungue Nachingwea, niwe mbali na macho yako. Nikaona huo ni uoga uleule umevaa nguo nyingine. Kwa hiyo nitaiweka juu ya mto wako, na utaisoma ukiwa chini ya paa moja na mimi. Ukitaka kuniamsha, niamshe. Ukitaka kunifokea, nifokee. Una haki ya miaka kumi na saba. Ukishindwa kusema lolote, pia nitaelewa. Vipandikizi vyako nimevikata leo asubuhi mwenyewe, nikavifunga kwa kitambaa chenye unyevu na gamba la mgomba. Ukiona huvitaki tena, viache hapo mezani, sitauliza.

Jambo moja tu nakuomba. Kesho gari la kushuka Same linapita saa mbili asubuhi. Saa moja nataka twende kwa Bibi Nanzia, wewe, mimi na baba yako. Anatusubiri. Usiende kumwomba radhi kwa ajili ya mbuzi wake, kwa sababu hukukosea wewe. Mimi ndiye nitakayesema, kwa mdomo wangu, mbele yako, kila kitu nilichokiandika hapa. Wewe utasikiliza tu.

Njia ya kwenda kwake ni nyembamba, haiwezi kupitisha watu wawili sambamba. Utatangulia wewe. Tembea kwa mwendo unaoutaka. Mimi nitakuwa nyuma yako.

Mama yako